Zungumza na Maabara Kabla ya Kukusanya Sampuli

Wengi wanaobisha hodi katika kitengo cha hadubini za elektroni huanza na swali hili: mtambo wenu unakuza mara ngapi? Swali si baya, ila halisaidii sana. Kama seli zimeshaharibika ndani ya chupa, ukuzaji wa mara laki moja utakuonyesha uharibifu huo kwa ukubwa wa mara laki moja.

Uwezo wenyewe upo, tena mkubwa. Hadubini ya kawaida hutumia mwanga, ambao mawimbi yake yana urefu wa kati ya nanomita 400 na 700. Kwa sababu hiyo, vitu viwili vinavyopishana kwa chini ya nanomita 200 hivi huonekana kama kimoja, hata lenzi iwe nzuri vipi. Nanomita moja ni sehemu ya milioni ya milimita, na kirusi cha korona kina kipenyo cha takriban nanomita 100. Hadubini ya elektroni hutumia elektroni badala ya mwanga: zikisukumwa kwa volti 200,000, urefu wa wimbi lake hushuka hadi nanomita 0.0025, hivyo huonyesha vitu vidogo zaidi. Ernst Ruska na Max Knoll walilifanyia kazi wazo hilo mjini Berlin mwaka 1931, wakitumia koili za sumaku mahali pa lenzi za kioo. Ruska alisubiri hadi 1986 kupewa Tuzo ya Nobel.

Katika vitengo vingi vya vyuo vikuu utakuta mitambo ya aina mbili. Hadubini ya kuskani hupitisha mwale wa elektroni juu ya sampuli mstari kwa mstari na kuonyesha sura ya nje: mbawa za mdudu, mpasuko wa chuma, chavua ya maua. Ikiwa na kipima eksirei, hutaja pia elementi zilizomo. Hadubini ya kupenya hupitisha elektroni ndani ya sampuli yenyewe, kwa hiyo tishu lazima ikatwe vipande vyembamba vya nanomita 60 hadi 90 kwa kisu cha almasi au cha kioo, kisha vipande hivyo vilazwe kwenye kijiwavu cha shaba chenye kipenyo cha milimita tatu. Hospitali pia huitegemea: katika baadhi ya magonjwa ya figo, kasoro ya chujio haionekani kabisa mpaka itazamwe hivyo.

Hapa ndipo penye matatizo mengi. Tishu huanza kuoza mara tu inapokosa damu, na glutaraldehaidi, dawa inayoihifadhi, hupenya taratibu mno. Bonge la ini lenye ukubwa wa kidole gumba litahifadhika pembeni tu, huku katikati kukiendelea kuharibika. Kata vipande visivyozidi milimita moja, uvitumbukize papo hapo. Wala usiviweke kwenye friza ukidhani unavitunza: maji yakiganda polepole hufanya fuwele za barafu zinazotoboa utando wa seli. Njia ya kugandisha ipo, lakini ni ya kasi ya ajabu: sampuli nyembamba sana huchovywa kwenye ethani ya kimiminika iliyopozwa kwa nitrojeni, maji yakawa magumu kabla fuwele hazijapata nafasi ya kuumbika. Jacques Dubochet ndiye aliyeifanikisha, na mwaka 2017 alishiriki Nobel ya kemia pamoja na Joachim Frank na Richard Henderson.

Watu wa madini na vifaa wana tahadhari zao. Ndani ya hadubini hamna hewa, kwani elektroni zingegongana na molekuli zake na kupotea njia. Sampuli yenye unyevu au mafuta hutoa mvuke unaochafua mtambo mzima. Unga wenye sumaku ni hatari zaidi, maana unaweza kurukia lenzi na kunasa humo. Utaje kabla hujafungua kichupa. Sampuli isiyopitisha umeme hupakwa dhahabu ya nanomita chache ili isijae chaji ya umeme. Lakini ikiwa unatafuta dhahabu ndani ya mwamba, omba ipakwe kaboni, la sivyo kipimo kitakuletea dhahabu tuliyoipaka sisi.

Kuhusu malipo, watu hulalamika kwamba saa moja ya mtambo ni ghali. Ni kweli. Pampu za kutoa hewa hufanya kazi usiku na mchana hata pasipokuwa na mtumiaji, na chumba chenyewe hulazimika kukaa mbali na lifti na nyaya kubwa za umeme, kwa sababu mtikisiko na sumaku hupindisha picha. Anayetarajia kurudi mara nyingi afadhali aombe mafunzo aendeshe hadubini ya kuskani mwenyewe. Ile ya kupenya huchukua muda mrefu zaidi kuizoea, na mwenye sampuli tatu tu ni heri amwachie fundi.

Unapoomba huduma, eleza unachotaka kujua, si jina la mtambo. Leta pia sampuli ya kulinganishia, isiyo na ugonjwa au isiyotiwa dawa. Bila hiyo hatuwezi kusema kama tundu tunaloliona limetokana na jaribio lako au na maandalizi yetu. Picha utakazopewa zitakuwa za kijivu, kwa kuwa elektroni hazina rangi. Zile za kupendeza unazoziona magazetini hutiwa rangi kwa kompyuta. Nawe waweza kutia, mradi uandike hivyo chini ya picha na usiufute mstari wa kipimo, unaoonyesha ukubwa halisi wa vitu.