Mayai 690: historia ya kuandika hesabu, kutoka Ishango hadi kwenye simu yako

Trei moja hubeba mayai 30. Muuzaji wa Marikiti aliyepokea trei 23 alfajiri ana mayai 690, na jibu hilo analo kichwani kabla hujatoa simu mfukoni: tatu mara ishirini na tatu ni sitini na tisa, weka sifuri, kwisha. Maneno hayo mawili, "weka sifuri", hayana uzito wowote mdomoni. Lakini kwa sehemu kubwa ya historia, hakuna aliyeweza kuyasema.

Si kwamba watu wa kale hawakujua kuhesabu. Walijua, tena vizuri. Kilichotofautiana ni namna ya kuandika namba, na uandishi ndio ulioamua hesabu ipi iwe nyepesi na ipi itoe jasho. Ili kuona tofauti hiyo, tuyabebe mayai yetu 690 na kuyapitisha kwa kila taifa.

Kwanza tusikilize lugha yenyewe. Moja, mbili, tatu, nne, tano, nane na kumi ni maneno ya Kibantu. Sita, saba na tisa ni ya Kiarabu, pamoja na ishirini hadi tisini, mia na elfu. Laki ilikuja na biashara ya Bara Hindi. Kwa hiyo mtoto anayehesabu hadi kumi ameenda Uarabuni na kurudi mara mbili. Maneno ya zamani hayakufa yote: mfungate ilikuwa saba, ndiyo maana fungate ya maharusi ni siku saba, na kenda, yaani tisa, bado inasikika kila siku katika Kikuyu na Kikamba.

Kumbukumbu ya zamani sana ya hesabu iliyopatikana karibu nasi ni mfupa wa Ishango. Mwaka 1950 Mbelgiji Jean de Heinzelin aliufukua kando ya Ziwa Edward, upande wa Kongo, na leo umehifadhiwa Brussels. Una miaka 20,000 hivi. Umechanjwa alama kwa makundi katika safu tatu: safu moja ina 11, 13, 17 na 19, nyingine ina 9, 19, 21 na 11, na kila moja ya hizo inajumlisha 60. Ya tatu inajumlisha 48. Kwa kuwa 11, 13, 17 na 19 ni namba tasa, yaani zisizogawika bila baki ila kwa moja na kwa zenyewe, mengi ya kusisimua yamesemwa kuhusu mfupa huu. Tunashauri tahadhari. Namba tasa ni suala la kugawa, na mfupa hauonyeshi kugawa popote. Unachoonyesha ni kidogo lakini ni imara: mtu wa tawi la magharibi la Bonde la Ufa aliitoa hesabu kichwani na kuiweka mahali inapoweza kusomwa kesho yake. Udhaifu wa mbinu hii ni kwamba mayai 690 yanataka michanjo 690, na jicho la mtu hupotea baada ya minne au mitano isipopangwa kwa makundi.

Wamisri walilitatua hilo kwa alama tofauti kwa kila daraja: kijiti kwa moja, tao kwa kumi, kamba iliyoviringwa kwa mia, yungiyungi kwa elfu. Mayai yetu ni kamba sita na matao tisa. Sifuri haihitajiki, kwa sababu kila alama inabeba thamani yake popote itakapowekwa. Kujumlisha ni rahisi: kusanya, na kila matao kumi yabadilishe kwa kamba moja. Ila kuzidisha kwa njia yetu ya shuleni hakuwezekani, kwa hiyo walitumia njia nyingine, ambayo tunaiona katika mafunjo yaliyonakiliwa na mwandishi Ahmes karibu mwaka 1550 KK, sasa yako London. Andika 1 kushoto na 30 kulia, kisha rudufu pande zote mbili:

1 — 30
2 — 60
4 — 120
8 — 240
16 — 480

Simama hapo, maana mstari unaofuata ni 32, na hiyo imezidi 23. Sasa chagua mistari ambayo upande wa kushoto inajumlisha 23, ukianzia chini: 16, halafu 4, halafu 2, halafu 1. Mstari wa 8 unaachwa. Jumlisha upande wa kulia wa mistari uliyochagua: 480, 120, 60 na 30. Ni 690. Anayekosea hapa kwa kawaida hakosei kurudufu, anakosea kuchagua. Basi hakikisha jumla ya kushoto kabla ya kugusa kulia. Uzuri wa njia hii ni kwamba haidai kukariri jedwali lolote la kuzidisha.

Sehemu waliziandika kwa moja juu: nusu, theluthi, sehemu ya kumi, na kadhalika (mbili ya tatu ndiyo iliyopewa alama yake ya pekee). Twaweza kuona ni usumbufu, lakini angalia tatizo moja la Ahmes: mikate 6, watu 10. Sisi tunasema kila mtu apate sita ya kumi, halafu tunabaki na kisu mkononi tusijue tukate wapi. Jibu lake ni nusu na moja ya kumi. Kata mikate mitano katikati, kila mmoja achukue nusu; mkate wa sita ukate vipande kumi. Hakuna atakayelalamika, kwa sababu vipande vinafanana kwa macho.

Kwa duara alisema hivi: toa moja ya tisa ya kipenyo, kinachobaki kizidishe kwa chenyewe. Jaribu kwenye tangi la maji la paani lenye kipenyo cha mita 1.8 na kimo cha mita 2. Moja ya tisa ya 1.8 ni 0.2, inabaki 1.6. Mara yenyewe ni 2.56, mara kimo ni 5.12, yaani lita 5,120. Kwa pai ya kisasa tangi hilo linachukua lita 5,089 hivi. Kanuni ya miaka zaidi ya 3,500 imekosea kwa ndoo moja na nusu ya lita 20, na Ahmes aliitumia kwa kazi ya namna hiyo hiyo: kupima ghala la nafaka la mviringo.

Babeli ni habari nyingine. Walikuwa na alama mbili tu zilizogandamizwa kwenye udongo mbichi, msumari kwa moja na pembe kwa kumi, na walihesabu kwa mafungu ya 60. Mayai 690 ni mafungu 11 ya sitini na mayai 30 juu yake, kwa hiyo waliandika 11 kisha 30. Ukitaka kuhisi hesabu hiyo, tazama saa: dakika 690 ni saa 11 na dakika 30. Dakika zetu 60 ni urithi wao, na saa 12 za mchana zilitoka Misri. Faida ya 60 ni kwamba inagawika kwa 2, 3, 4, 5, 6, 10, 12, 15, 20 na 30 bila baki. Hasara yake ni 7: moja ya saba haiishi katika mafungu ya 60, na majedwali mengi ya kugawa waliyoyaacha yanairuka.

Hapa ndipo nafasi ya tarakimu, yaani mahali ilipokaa kuamua thamani yake, ilipopata nguvu kwa mara ya kwanza, na ndipo kasoro yake ilipojitokeza. Kwa kuwa hapakuwa na alama ya nafasi tupu, "11 30" ingeweza kuwa 690, au 11 na nusu, au 41,400. Msomaji aliamua kwa kuangalia habari yenyewe: kama ni mgao wa wafanyakazi, hauwezi kuwa 41,400. Kufikia kama mwaka 300 KK walibuni alama ya misumari miwili iliyoinama kuziba pengo la katikati ya namba, lakini mwishoni mwa namba hawakuiweka, kwa hiyo 690 na 11 na nusu viliendelea kufanana.

Hata hivyo uhodari wao hauna mjadala. Kibao kimoja kidogo kinachojaa kiganjani kinaonyesha mraba wenye upande 30, na kipeuo cha pili cha 2 kimeandikwa juu yake kwa usahihi wa 1.414213. Kingine, cha karibu mwaka 1800 KK, kina mistari 15, na namba za mstari wa kwanza ni 119 na 169. Weka 120 kati yao na umepata pembetatu ya pembe mraba: 14,161 na 14,400 ni 28,561, ambayo ni 169 mara 169. Fundi wa Kayole anayepima kona ya msingi kwa 3, 4 na 5 anafanya kazi ya ukoo huo huo, ila namba zake ni nyepesi kubeba.

Wagiriki waliongeza swali moja: kwa nini lazima iwe hivyo kila mara? Euclid, aliyefundisha Alexandria karibu mwaka 300 KK, yaani hapa hapa Afrika, alipanga majibu yake hatua kwa hatua, na ndiyo maana mwanafunzi wa leo bado anadaiwa uthibitisho. Katika kuandika namba, hata hivyo, hawakutuvusha. Walitumia herufi, 690 ikawa herufi ya 600 na herufi ya 90.

Wachina walipanga vijiti juu ya ubao: wima kwa mamoja, mlalo kwa makumi, wima tena kwa mamia. Katika 690 vijiti vya 6 vinasimama na vya 9 vinalala. Katika 69 ni kinyume chake. Huwezi kuzichanganya. Lakini 6,900 inarudi kufanana na 69, na hapo ni pengo la ubao pekee linalokuokoa. Walitumia pia vijiti vyekundu kwa namba chanya na vyeusi kwa namba hasi, kinyume na wahasibu wetu wanaoandika hasara kwa wino mwekundu. Wamaya, ng'ambo ya bahari bila kuwasiliana na yeyote kati ya hawa, walikuwa na sifuri ya kweli yenye umbo la kombe la baharini. Katika kalenda yao siku 690 ni 1, 16, 10: moja ya 360, kumi na sita za 20, na kumi.

Mchezaji wa bao ataelewa haraka kilichotokea India. Shimo lisilo na kete bado ni shimo. Ukipanda kete hulipiti hivi hivi. Wahindi waliandika shimo tupu kama tarakimu, kisha wakaifanyia hesabu. Mwaka 628 mwanahisabati Brahmagupta aliweka kanuni kwa lugha ya mali (namba chanya) na deni (namba hasi): deni ukitoa sifuri ni deni, sifuri ukitoa deni ni mali, sifuri mara chochote ni sifuri. Aliteleza mahali pamoja, aliposema sifuri kugawa kwa sifuri ni sifuri. Kugawa ni kuuliza "ni ngapi mara sifuri inatoa sifuri?", na jibu ni namba yoyote unayotaka. Kwa kuwa swali halina jibu moja, sifuri haigawiki kwa sifuri.

Waarabu waliliita pengo hilo sifr, tupu, nasi tukapata sifuri. Baghdad, karibu mwaka 820, mwanahisabati al-Khwarizmi aliandika juu ya al-jabr, kuunga kilichovunjika, ambayo ndiyo aljebra. Jina lake mwenyewe limekuwa algoriti, yaani hatua za kufuata hadi kwenye jibu. Mfano wake maarufu tuuweke shambani. Una shamba la mraba. Umeongeza kipande chenye urefu wa upande huo na upana wa 10. Jumla ya eneo ni 39. Upande ni ngapi?

Kata kipande kilichoongezwa kwa urefu wake, upate viwili vya upana wa 5. Kimoja kiweke mashariki ya mraba, kingine kusini. Sasa una karibu mraba mkubwa, ila kona imebaki wazi, 5 kwa 5. Izibe kwa 25: 39 na 25 ni 64. Upande wa mraba mkubwa ni 8. Toa 5, inabaki 3. Hakiki: 9 na 30 ni 39. Wanafunzi huharibu mahali pawili. Wengine husahau kugawa 10 kwa mbili, wanaongeza 100 na kupata 139, isiyo na kipeuo kamili. Wengine huziba kona upande mmoja wa mlinganyo na kuuacha wa pili. Ukichora shamba, makosa yote mawili yanaonekana kabla hujaandika chochote. Mlinganyo una jibu la pili, 13 hasi, ambalo al-Khwarizmi hakulitaja, kwani upande wa shamba hauwi deni.

Leonardo wa Pisa, anayejulikana kama Fibonacci, alijifunza tarakimu hizi akiwa kijana Bugia, Algeria ya leo, ambako baba yake alishughulikia mambo ya forodha ya wafanyabiashara wa Pisa. Mwaka 1202 alizieleza kwa Ulaya. Ulaya haikuzipokea kwa shangwe. Mwaka 1299 chama cha wabadili fedha wa Florence kiliwakataza wanachama kuzitumia vitabuni. Hofu haikuwa ya kijinga: sifuri inageuka 6 au 9 kwa mkia mmoja wa kalamu, na 690 inakuwa 1,690 kwa kijiti kimoja mbele. Ndiyo sababu hundi bado inadai kiasi kwa maneno pamoja na tarakimu.

Sasa muuzaji wetu anaweza kutoa simu. Akibonyeza 23 mara 30, chombo hicho hakioni 23. Kinaona 10111, kwa kuwa kinajua 0 na 1 tu: 16 ipo, 8 haipo, 4 ipo, 2 ipo, 1 ipo. Kimsingi kinarudufu 30, kinaruka palipo na 0, na kujumlisha palipo na 1. Ni mistari ile ile minne, na mstari wa 8 umeachwa tena.