Sekunde 48 za ilimba

Waongozaji wengi wa filamu huru hunipigia simu hapa Bagamoyo picha ikiwa imeshahaririwa na fedha imeshakatika. "Kaka, tuwekee muziki tu." Mimi hutangulia kuomba kikao kimoja: tuitazame filamu yote, tuandike muziki uingie sekunde gani na unyamaze sekunde gani. Ubishi wote huwa hapo.

Katika filamu moja, mama anamsubiri mwanawe ufukweni, karibu na soko la samaki. Mwongozaji alitaka muziki dakika nne nzima. Nilimsihi tuwaachie mawimbi na wachuuzi, ala isikike pale tu mama anapoipa bahari mgongo. Zikabaki sekunde 48.

Kwa kasi ya mapigo 75 kwa dakika, sekunde 48 ni mapigo 60 kamili: mafungu 15 ya mapigo manne manne. Nikatunga, nikarekodi. Kisha mhariri akapunguza sekunde 3. Ningeweza kupandisha kasi hadi 80 na mapigo yote 60 yangeenea, lakini mama yule hana haraka. Nilitoa fungu moja. Mafungu 14 huchukua sekunde 44.8, na kwa filamu ya fremu 25, yaani picha 25, kwa sekunde pakabaki pengo la fremu 5. Nililiacha kimya, na nalipenda kuliko noti zote nilizoandika.

Ala yenyewe ilikuwa ilimba ya Wagogo, ala ya vijiti vya chuma vinavyopigwa kwa vidole gumba, ile ambayo mwanamuziki marehemu Hukwe Zawose, aliyeishi na kufundisha hapa Bagamoyo, aliifikisha kwenye majukwaa ya dunia. Ilimba haikubaliani na kinanda. Wagogo hufuata sauti za asili, zile ambazo uzi mmoja huzizaa wenyewe, na ya saba kati yake iko chini ya noti ya kinanda kwa karibu theluthi ya nusutoni, yaani theluthi ya hatua kati ya noti mbili jirani za kinanda. Ukizipiga pamoja bila kujali, msikilizaji atadhani ilimba imeharibika. Ndiyo maana hurekodi ilimba kwanza, halafu kinanda cha kompyuta nakishusha kiifuate. Kuilazimisha ilimba ifuate kinanda ni kuivunjia heshima.

Mpiga ilimba hulipwa kila anaporekodi, na baada ya yale makato ilibidi arudi tena studio. Waongozaji, tuiteni mkiwa bado na mswada mkononi.

Kuhusu malipo, filamu ndogo hailipi kikubwa, na hilo nalielewa. Ninachokataa ni kuuza muziki pamoja na umiliki wake kwa bei hiyo hiyo ndogo. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inamlinda mtunzi, basi mkataba wangu humpa mwongozaji ruhusa ya kuutumia muziki ndani ya filamu ile tu. Umiliki unabaki kwangu, na kazi naisajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, kabla filamu haijatoka.