Wacheza Densi wa Sinema Bubu Hawakukurupuka

Juzi, baada ya kuonyesha filamu fupi za miaka ya 1890, niliulizwa kwa mara nyingine kwa nini wachezaji wa enzi hizo "walikuwa wakikurupuka kama kuku". Hawakukurupuka. Kinachokurupuka ni mashine yetu.

Chukua Densi ya Nyoka, ambayo Mmarekani Loie Fuller aliipatia umaarufu katika ukumbi wa Folies Bergère jijini Paris tangu mwaka 1892, na ambayo walioiga mtindo wake waliicheza mbele ya kamera nyingi. (Mwanamke wa filamu ya ndugu Lumière, Wafaransa waanzilishi wa sinema, si Fuller, maelezo ya mtandaoni yanayodai hivyo yamekosea.) Kamera ya Lumière ilizungushwa kwa mkono, takriban fremu 16, yaani picha moja moja 16, kwa sekunde. Ukiionyesha filamu hiyo kwa fremu 24, kasi ya kawaida ya sinema ya leo, densi ya dakika nzima inakwisha kwa sekunde 40. Kinyume chake, kamera ya mvumbuzi Mmarekani Edison iliyompiga picha mchezaji Annabelle Moore huko New Jersey ilikwenda kasi zaidi, hata kufikia fremu 40 hivi. Kwa fremu zilezile 24, yeye huonekana kana kwamba anacheza ndani ya maji.

Kosa hili linaniumiza kwa sababu sanaa ya densi hii imo ndani ya kitambaa. Mchezaji hushika vijiti virefu vilivyofichwa ndani ya hariri. Mkono ukizungushwa, wimbi huanzia begani, husafiri hadi kwenye pindo, na yeye hulisubiri lifike ndipo azae jingine. Kusubiri huko ndiko kunakoifanya nguo iwe ua, kisha kipepeo, kisha moto. Mwendo ukiharakishwa, kusubiri hupotea na kinachobaki ni mikono inayopunga. Rangi nazo, zilizopakwa kwa brashi fremu baada ya fremu ili kuiga taa za jukwaani, huanza kumetameta badala ya kuyeyukiana.

Mwaka 1892 mahakama moja ya New York ilikataa kuilinda densi ya Fuller kwa hoja kwamba haikusimulia kisa chochote. Jaji alitafuta hadithi, wimbi hakuliona.

Nina shaka moja inayonisumbua. Mimi hukadiria kasi ya kuonyeshea filamu kwa kutazama hariri inavyoanguka, kisha huisifu densi kwa ulaini uleule niliouchagua mwenyewe. Kwa hiyo sasa hutazama kwanza miguu inapotua sakafuni, kwa kuwa uzito wa mwili hautii matakwa yangu, na hariri huigeukia mwisho.