Mkurugenzi wa picha si kameramani

Filamu ya Hispania au tamthilia ya Mexico ikisifiwa kwa picha nzuri, sifa humwendea mwongozaji, la sivyo "kameramani". Anayestahili hatajwi. Mkurugenzi wa picha ndiye anayeamua, kwa kushauriana na mwongozaji, mwanga utoke wapi na uwe mkali kiasi gani, lensi gani ifungwe, kamera ikae wapi, rangi ziweje. Kameramani ni mtu wa idara yake: anaiendesha kamera.

Mkanganyiko unaeleweka, kwa sababu penye bajeti ndogo mtu mmoja hubeba kazi zote. Lakini tazama filamu ya Kihispania El espíritu de la colmena ya mwongozaji Víctor Erice, iliyotoka 1973. Mkurugenzi wa picha alikuwa Luis Cuadrado, na kipindi hicho macho yake yalikuwa yakififia. Kamera aliiendesha Teo Escamilla. Ndani ya nyumba ya mfuga nyuki, madirisha yana vioo vidogo vya pembe sita kama masega, na mwanga unaopenya ni wa rangi ya asali; vyumba vimeachwa nusu gizani. Mwanga ule ni wa Cuadrado. Alijua taa ikiwekwa pale itazaa nini kwenye mkanda, akawaelekeza wenye macho mazima. Kumpa sifa yote aliyeshika kamera ni kumdhulumu mtu aliyefanya kazi ile huku akipoteza uwezo wa kuiona.

Escamilla naye hakubaki kwenye kamera. Alipanda akawa mkurugenzi wa picha, na Cría cuervos (1976) na Carmen (1983) za Carlos Saura ni zake. Wengi hupitia ngazi hiyo, wakianzia usaidizi wa kamera. Gabriel Figueroa wa Mexico alianzia picha za mnato, akaenda Hollywood kujifunza kwa mkurugenzi wa picha Gregg Toland, kisha akarudi kwao na kupiga Allá en el Rancho Grande (1936). Anakumbukwa kwa mbingu zake pana zenye mawingu mazito, na mbingu za namna hiyo hazipatikani kwa kuinua kamera tu: kwenye filamu nyeusi na nyeupe, kichujio chekundu hulitia giza anga la buluu, mawingu yakajitokeza.

Telenovela za studio zina shida yake. Kamera kadhaa hurekodi kwa pamoja, hivyo taa lazima zizifae zote, na ndiyo maana nyuso mara nyingi huangazwa sawasawa bila vivuli.

Kuna wanaotoa mfano wa filamu ya Roma (2018) kwamba mwongozaji ndiye mwenye picha. Alfonso Cuarón alifanya kazi zote mbili, na Oscar akapewa mbili tofauti, ya uongozaji na ya upigaji picha: hata zikifanywa na mtu mmoja, ni kazi mbili. Basi ukipendezwa na mwanga wa filamu, mtafute mkurugenzi wa picha kwenye orodha ya majina. Na kamera ikimfuata mwigizaji kwa ulaini bila kutikisika, hapo msifu kameramani.