Mvule hupandwa usiku

Mzee mmoja wa Muheza, anayejua kwamba mimi huchunguza popo, aliniita uani kwake akanionyesha madonge makavu yaliyotapakaa chini ya mwembe. "Mwanangu, ona kinyesi cha popo wako." Nikaokota moja, nikalipasua mbele yake: nyuzi tupu. Popo wa matunda huliponda tunda kwenye ukaakaa wake wenye matuta, akafyonza maji pamoja na mbegu ndogo, kisha akatema makapi, kama sisi tunavyotema makapi ya muwa.

Kinyesi chenyewe hudondokea mbali. Utumbo wa popo haushikilii chakula. Mbegu za mkuyu mara nyingi hupita kabla saa moja haijaisha, na wakati huo mwenyewe anaweza kuwa angani. Ndege wengi hunya wakiwa wametua, kwa hiyo mbegu zao nyingi huangukia chini ya miti iliyokwishaota. Popo hukatiza shamba lililoachwa au kilima kilichoungua, huku akidondosha. Ndiyo maana nikitaka kujua msitu utarudi wapi, huanza kwa kuuliza popo wanapita wapi.

Mti ulionifunza haya ni mvule. Tunda lake hubaki kijani hata likiiva, halijitangazi kwa rangi, lakini usiku harufu yake humwita popo. Mbegu zake ni ndogo sana, na mche wake unataka mwanga. Kisha kuna mdudu mdogo aitwaye Phytolyma, anayefanya vivimbe kwenye majani na machipukizi hadi mche unakufa. Miche ikiota imesongamana, mdudu huyu hupata karamu. Mche ulioota peke yake mbali na wenzake una nafasi nzuri zaidi ya kumkwepa. Popo humpatia mvule vyote viwili, uwazi na umbali. Watafiti waliofuatilia popo wa jamii ya Eidolon helvum nchini Ghana kwa vifaa vya GPS walikadiria kwamba mbegu ndogo zinaweza kufikishwa hadi kilomita 75. Fundi seremala anayesifu mbao za mvule anamsifu popo bila kujua.

Kazi yangu yenyewe haina makuu. Jioni natandika shuka jeupe chini ya mti ambao popo huenda kula matunda yake. Alfajiri nakusanya kilichoanguka, nasuuza kwa chujio la chai, kisha naotesha. Ninapomtoa popo wavuni navaa glavu nene kila mara, kwa sababu wanabeba virusi vinavyoweza kumdhuru binadamu, vingine vya ukoo mmoja na kichaa cha mbwa. Usimshike kwa mkono mtupu, na embe lililong'atwa litupe. Lakini kumwogopa popo si sababu ya kumpiga mawe au kumchomea moto kwenye mti anakolala.

Pemba wanajua gharama yake. Popo wao mkubwa, mwenye mabawa yanayofikia mita 1.6, hapatikani penginepo duniani. Kufikia mwanzo wa miaka ya 1990 alikuwa amewindwa kwa bunduki na ulimbo hadi ikahofiwa ataisha. Wanavijiji wakaunda vikundi vya kumlinda, na hesabu za baadaye zikafikia takriban 20,000. Pale Kidike leo wageni hulipa kwenda kuwatazama wakining'inia. Hilo limetokea katika kisiwa ambacho jina la popobawa, jini linalosemekana kuvamia watu usiku, bado hukosesha watu usingizi, na nawaheshimu sana Wapemba kwa kutomtwika mnyama huyu lawama za kisa kile.

Malalamiko ya maembe ni ya haki, sikatai. Ila popo hutafuta embe lililoiva. Likiwa limekomaa na bado gumu, kwa kawaida hulipita. Nilimshauri mzee achume mapema avundike. Msimu huu amevundika magunia mawili jikoni kwake, na yale ya kileleni, ambayo upondo haufiki, amewaachia popo.