Mpito wa kidemokrasia: nchi hutokaje kwenye udikteta?

Usiku wa tarehe 5 Oktoba 1988, wananchi wa Chile walikuwa wameshapiga kura na sasa wanasubiri. Swali lilikuwa moja tu: Jenerali Augusto Pinochet, aliyetwaa nchi kwa mtutu wa bunduki Septemba 1973, aongezewe miaka minane au la? Serikali ilikuwa ikitoa matokeo kwa kudonoadonoa, na hayo machache yaliyotoka yalimpendelea mkubwa. Ndipo usiku wa manane Jenerali Fernando Matthei, mkuu wa jeshi la anga na mmoja wa wakubwa wanne wa baraza lenyewe la kijeshi, alipowasili ikulu ya La Moneda kwa ajili ya kikao. Kabla hajaingia ndani, akawaambia waandishi wa habari waliomzunguka kwamba kwa anavyoona yeye, "Hapana" imeshinda. Kauli ile ikishatoka hairudi tena. Kama kulikuwa na mpango wa kuchakachua, uliharibikia pale mlangoni. "Hapana" ilipata karibu asilimia 56 ya kura.

Tukio hilo moja limebeba karibu kila kitu kinachohitajika ili kuielewa dhana ya mpito wa kidemokrasia. Kwa maneno mepesi, mpito ni kile kipindi ambacho nchi inatoka kwenye utawala ambao wakubwa wake hawaondoki kwa kura, na kuingia kwenye utawala ambao wanaweza kushindwa, wakafungasha virago, na nchi ikaendelea. Unaweza kuchukua miezi, unaweza kuchukua miaka. Zipo pia nchi zilizoingia humo zisifike ng'ambo.

Watu wengi huchanganya kuanguka kwa dikteta na kuzaliwa kwa demokrasia. Hosni Mubarak aliondoka madarakani Misri tarehe 11 Februari 2011, viwanja vikajaa shangwe. Mohamed Morsi akachaguliwa Juni 2012, na Julai 2013 jeshi likamwondoa. Sudan ilimwona Omar al-Bashir akianguka Aprili 2019, na tarehe 25 Oktoba 2021 majenerali wakaivunja serikali ya mpito. Upande wa pili ipo Hispania, ambako hakuna aliyempindua Francisco Franco. Alikufa akiwa mtawala Novemba 1975, mzee wa miaka 82, na demokrasia ikaja baadaye kwa mkono wa watu waliokuwa wamemtumikia.

Tena kuna kulegeza kamba. Utawala unawaachia wafungwa wachache wa kisiasa, unaruhusu gazeti fulani lichapishwe, unafumbia macho mkutano wa hadhara. Wachambuzi hulitenga jambo hili na demokrasia, na wana sababu: aliyekupa ruhusa leo bado ndiye mwenye uwezo wa kukunyang'anya kesho. Hiyo ni hisani. Demokrasia huanza pale matokeo ya uchaguzi yanapomtoka mtawala mkononi, naye asiwe na la kufanya.

Sasa, kwa nini mtu mwenye bunduki zote akubali jambo kama hilo? Mpanda ngazi hushuka, tunasema, lakini madikteta wengi hung'ang'ania ngazi mpaka ivunjike. Jibu la kawaida la wataalamu wa siasa ni kwamba udikteta hauna sauti moja. Ndani yake wamo wenye msimamo mkali, wanaoona kila hatua nyuma ni kifo, na wamo wenye msimamo laini, ambao wameshapiga hesabu wakaona kubaki kutawagharimu zaidi kuliko kuondoka. Hesabu hiyo huchochewa na mengi: uchumi kuporomoka, vita kushindwa, mkubwa kuzeeka, mfadhili wa nje kujitoa. Na kwa wapinzani ni vilevile, wapo wanaotaka yote leo na wapo walio tayari kuketi mezani. Mpito wa mazungumzo hupata mwanya pale walio laini wa pande zote mbili wanapoaminiana kidogo, na kila upande ukaweza kuwazuia watu wake wakali.

Hispania ilionyesha hilo waziwazi. Tarehe 18 Novemba 1976, Bunge lililorithiwa kutoka kwa Franco lilipigia kura sheria ambayo ingelifuta Bunge hilohilo na kuleta jingine la kuchaguliwa na wananchi. Wabunge 425 walisema ndiyo, 59 wakasema hapana. Hebu fikiria: watu wanaokalia viti wanainuka mmoja mmoja, jina kwa jina, kuidhinisha viti vyao viondolewe. Hawakuwa wamegeuka malaika. Waziri Mkuu Adolfo Suárez alihakikisha kila hatua inapita kwenye sheria za zamani zenyewe, hivyo aliyemtii Franco hakulazimika kujiona msaliti. Wengine walitumaini kurudi bungeni kwa kura. Na hapakuwa na aliyeona kizimba kikimsubiri. Sheria ya msamaha ya Oktoba 1977 iliwafungulia wapinzani milango ya magereza na papo hapo ikafunga mlango wa kuwashtaki watesaji. Hata hivyo wakali hawakulala. Februari 1981 Luteni Kanali Antonio Tejero aliingia bungeni na bastola mkononi, akawashikilia wabunge usiku kucha, lakini usiku huohuo Mfalme Juan Carlos alitokea kwenye televisheni akiwa na sare za kijeshi akaipinga njama ile, nayo ikakwama.

Poland nayo ilipitia mezani, kwa maana halisi kabisa: meza ya duara, Februari hadi Aprili 1989, wakomunisti upande huu na viongozi wa chama cha wafanyakazi cha Solidarność upande ule. Walikubaliana asilimia 65 ya viti vya bunge la chini vibaki kwa chama tawala na washirika wake, asilimia 35 vigombewe, na Seneti yote ya viti 100 iachwe huru. Wakomunisti waliona wamejikinga vya kutosha. Juni, Solidarność ikavizoa viti vyote 161 ilivyoruhusiwa kugombea, na Seneti ikachukua 99. Vyama vidogo vilivyokuwa vikiwafuata wakomunisti kama kivuli vilipoona upepo umegeuka, vikahama. Agosti mwaka huohuo Tadeusz Mazowiecki akawa Waziri Mkuu. Kinga ile haikudumu hata miezi mitatu, lakini bila hiyo kinga wakubwa wasingeukubali uchaguzi wenyewe.

Afrika Kusini ilipata jambo la kufanana na hilo mwaka 1992, pale Joe Slovo, mkomunisti wa upande wa wapinzani ambaye hakuna Mzungu wa serikali aliyetarajia huruma yake, alipopendekeza kugawana madaraka kwa kipindi maalumu na kulinda ajira na pensheni za watumishi wa serikali ya kibaguzi. Wenzake wengi walikasirika. Uchaguzi ulifanyika Aprili 1994.

Mapatano ya namna hii yana bei, na bei hiyo mara nyingi hulipwa na waathirika. Mama ambaye mwanawe alichukuliwa usiku asionekane tena, anaambiwa avumilie ili nchi ipone. Mimi huwa sina haraka ya kuwasifu wapatanishi bila kumkumbuka huyo. Ukubwa wa bei hutegemea dikteta ana nguvu kiasi gani siku anapoketi mezani. Majenerali wa Argentina walikuwa wameshindwa vibaya na Uingereza katika vita vya Falkland mwaka 1982, hawakuwa na cha kujadili. Mwaka 1985 walisimamishwa kizimbani, na Jorge Videla akahukumiwa kifungo cha maisha. Pinochet alishindwa kura tu, jeshi bado lilikuwa lake. Alimkabidhi Patricio Aylwin urais Machi 1990, kisha akaendelea kuwa mkuu wa majeshi ya nchi kavu kwa miaka minane mingine.

Na wananchi wa kawaida? Meza hizi zisingewekwa bila wao. Watafiti walilinganisha harakati kubwa za kupinga watawala kati ya 1900 na 2006, wakakuta zile zisizotumia silaha zilifanikiwa kwa asilimia 53, na za silaha kwa asilimia 26. Sababu kubwa ni idadi. Maandamano yasiyo na silaha huweza kumbeba mzee, mtawa, karani, mwanafunzi, na umati wa namna hiyo humtia askari kigugumizi. Ufilipino, Februari 1986, wafanyakazi thelathini na ushei wa kompyuta kwenye kituo cha kujumlishia kura waliinuka wakatoka nje, wakidai tarakimu zinazotangazwa hazilingani na wanazoziona wao. Wiki mbili baadaye watu walijaa barabara ya EDSA mbele ya vifaru, wanajeshi wakagoma kufyatua, na dikteta Ferdinand Marcos akapanda ndege akaikimbia nchi.

Mpito huisha lini? Uchaguzi wa kwanza hautoshi, maana mara nyingi ni sherehe ya kumzika mtawala wa zamani. Samuel Huntington, mtaalamu wa siasa wa Marekani, alipendekeza kipimo kinachonukuliwa sana: madaraka yabadilishane mikono mara mbili kwa kura. Kundi lililoshinda mwanzo lishindwe na likubali, kisha lililolirithi nalo lishindwe na likubali. Ghana ilifika hapo Januari 2009, baada ya uchaguzi ulioamuliwa kwa tofauti isiyofika hata asilimia moja. Chama cha John Kufuor kikakabidhi nchi kwa John Atta Mills. Benin ilikuwa na kituko chake: Mathieu Kérékou, dikteta aliyeshindwa kwa kura mwaka 1991, alirudi ikulu mwaka 1996 kwa kura hizohizo. Ni kipimo kizuri, ingawa hakitoi hati ya kudumu. Tunisia ilibadilisha serikali kwa kura, ikaandika katiba mpya mwaka 2014, ikasifiwa kila kona, na Julai 2021 Rais Kais Saied akalisimamisha Bunge.

Chile yenyewe haikumaliza upesi. Katiba ya Pinochet ya mwaka 1980 iliacha bungeni maseneta ambao hakuna mwananchi aliyewachagua, baadhi yao makamanda wastaafu, na walitosha kukwamisha miswada. Kifungu hicho kilifutwa mwaka 2005, miaka 17 baada ya Matthei kusema maneno yale mlangoni.