Je, wajua? Sholay ilipata tuzo moja tu ya Filmfare, na haikwenda kwa stelingi

Itaje Sholay mbele ya mpenzi wa filamu za Kihindi, atakuanzia na Amitabh Bachchan na Dharmendra, kisha yule adui, Gabbar Singh, aliyechezwa na Amjad Khan. Jina la M. S. Shinde hulisikii. Ilhali filamu hiyo ya 1975 iliteuliwa kuwania tuzo 9 za Filmfare ikaambulia 1, ya uhariri, na aliyeichukua ni yeye. Filamu bora ikawa Deewaar, ambayo Amitabh alikuwamo vilevile.

Shinde alifanya nini? Anza na mzigo wenyewe. Inatajwa kwamba mwongozaji Ramesh Sippy alirudi na zaidi ya futi 300,000 za mkanda, sawa na saa 55 hivi za kutazama. Hizo zilipaswa kuwa filamu ya saa 3 na ushei. Kompyuta hakuna: mkanda unakatwa kwa mkono, unaungwa kipande kwa kipande, na ukighairi unabandua.

Lakini kupunguza urefu si kazi kubwa kuliko kujua wapi pa kukatia. Chukua tukio la zamani ndani ya filamu: Gabbar amemfunga Thakur, polisi, anainua panga mbili, anazishusha. Damu hatuioni. Ghafla tuko wakati wa sasa: upepo unapeperusha shali ambayo Thakur hujifunika kila mara, inaanguka, na mikono ya kanzu yake inaning'inia mitupu. Pigo lenyewe mtazamaji analimalizia kichwani mwake. Kisa ni cha waandishi Salim na Javed, sawa, ila ukikawia sekunde mbili tu pale kwenye panga, mshtuko wote umekwisha.

Na mhariri hupata kazi kwa kuaminiwa na mwongozaji. Shinde alikuwa ameshahariri Seeta Aur Geeta (1972) ya Sippy huyohuyo, na baadaye wakafanya Shaan na Shakti. Renu Saluja, aliyesomea uhariri katika chuo cha filamu cha Pune, alijijengea jina hivyohivyo akiwa na Vidhu Vinod Chopra. Parinda ya 1989 ilimpa tuzo ya taifa.

Kuaminiwa huko hakuzuii mkasi wa serikali. India ilikuwa katika hali ya hatari tangu Juni 1975, na bodi ya ukaguzi ikakataa Thakur, polisi mstaafu, amuue Gabbar mwenyewe. Ukapigwa mwisho mpya, polisi wakatokea kumzuia. Nakala iliyokarabatiwa yenye mwisho wa awali ilioneshwa tamashani Bologna, Italia, Juni 2025. Shinde alikuwa amefariki tangu 2012.